Dawa ya Maumivu na Dawa ya Wasiwasi kwa Paka Mzee: Zinapokutana Mwilini

Chukulia paka jike wa miaka 13 anayeishi na bibi mstaafu katika mtaa wa kale wa mji wa pwani. Zamani paka huyu aliruka juu ya ukuta wa ua kwa mruko mmoja. Siku hizi hufika chini ya ukuta, akatazama juu, kisha akageuka na kurudi. Manyoya ya kiunoni yameshikana mafundo kwa kuwa hajilambi tena kama alivyozoea. Mchana hujificha chini ya kitanda. Usiku huzunguka nyumba nzima akilia. Amekuwa akikojoa kando ya beseni lake la mchanga, na mjukuu akimgusa mgongoni humparura.

Bibi mwenyewe anaumwa magoti. Mezani kwake pana vidonge vya diklofenaki, kopo la dawa ya kuchua na vidonge vya presha. Ndani ya kabati pamesalia vidonge vya amitriptilini alivyopewa zamani kwa ajili ya maumivu yaliyomkosesha usingizi. Siku ya kuchukua dawa zake, kabla ya kuondoka dirishani, anamwuliza mhudumu kwa sauti ya chini: “Mwanangu, huyu paka wangu naona anaumwa kama mimi, tena ana hofu. Nikimpa nusu ya hiki na robo ya kile, si atapata nafuu?”

Swali hili limejaa huruma, lakini jibu lake likikosewa, paka anaweza kufa kabla ya siku tatu kupita. Paka mzee mwenye maumivu na wasiwasi anaweza kutibiwa, na mara nyingine dawa mbili kwa pamoja humfaa kuliko moja. Yapo mambo matatu yanayotenganisha tiba na sumu: kujua anachougua, kujua mwili wake unavyozishughulikia dawa, na kujua dawa hizo zinavyogusana ndani yake.

Maumivu yanayojificha ndani ya hofu

Ugonjwa wa kuchakaa kwa viungo hutokea pale gegedu linalofunika ncha za mifupa linapolika, kiungo kikavimba kwa ndani na mifupa ikaanza kuota vinundu. Kwa paka wazee jambo hili ni la kawaida kuliko wengi wanavyodhani. Katika utafiti uliochapishwa Marekani mwaka 2002, picha za eksirei za paka 100 wenye umri wa zaidi ya miaka 12 zilipochunguzwa, 90 kati yao walikutwa na dalili za kuchakaa kwa viungo vya miguu au vya uti wa mgongo.

Hata hivyo, ni paka wachache wanaochechemea. Paka ni mwindaji mdogo ambaye naye huwindwa, na mnyama wa namna hiyo huficha udhaifu wake. Kinachoonekana ni mabadiliko ya mwenendo: kuacha kuruka, kusita mbele ya ngazi, kutojilamba, kucha kurefuka kwa kuwa hazinolewi, kujitenga, kuchukia kushikwa, na kukosa shabaha ya kuingia katika beseni lenye kingo ndefu. Mwenye paka huona hofu au ukorofi, ilhali chanzo ni nyonga au kiwiko kinachouma.

Maumivu na wasiwasi hulishana. Paka anayetarajia kuumia akiguswa huishi katika tahadhari ya kudumu, na tahadhari hiyo huufanya mfumo wa fahamu uyasikie maumivu kwa ukali zaidi. Kwa sababu hiyo madaktari wa mifugo hupenda kuanza na maumivu. Mara nyingi yakidhibitiwa, nusu ya “wasiwasi” huondoka pasipo dawa ya pili.

Kabla ya kuamua kwamba ni viungo au ni hofu, magonjwa mengine hayana budi kuondolewa shaka. Paka mzee anayelia usiku anaweza kuwa na presha ya juu, tezi ya thairoidi inayofanya kazi kupita kiasi, au ugonjwa wa figo. Anayekojoa ovyo anaweza kuwa na ugonjwa wa kibofu, na paka dume anayejikamua bila kutoa mkojo ni mgonjwa wa dharura siku hiyohiyo. Aidha, katika Afrika Mashariki, paka aliyebadilika ghafla akawa mkali bila sababu ni lazima afikiriwe kichaa cha mbwa kabla ya jambo lingine lolote.

Mwili wa paka na vidonge vya watu

Watu wengi hudhani kwamba kipimo cha paka ni kipimo cha mtu kilichogawanywa kwa uzito. Ini la paka linaikanusha hesabu hiyo. Kwa binadamu, dawa nyingi huondolewa mwilini baada ya ini kuziunganisha na kemikali iitwayo asidi ya glukuroniki, kazi inayofanywa na kundi la vimeng'enya. Katika jamii ya paka, simba na duma wakiwemo, jeni ya kimojawapo cha vimeng'enya hivyo iliharibika tangu zamani na haifanyi kazi. Wanyama hawa hula nyama, na huenda mababu zao hawakukihitaji sana kimeng'enya kinachosaidia kuondoa sumu za mimea.

Athari yake huonekana wazi katika parasetamoli. Miligramu 10 kwa kila kilo ya uzito zimewahi kumdhuru paka. Kidonge kimoja cha miligramu 500 kwa paka wa kilo 4 ni miligramu 125 kwa kilo, yaani zaidi ya mara 12 ya kiasi hicho. Himoglobini yake hugeuka ikashindwa kubeba oksijeni, damu na fizi hupata rangi ya kahawia, uso na nyayo huvimba, na pumzi humwia nzito. Ipo dawa ya kumwokoa, asetilisisteini, lakini inahitaji kutolewa mapema. Hakuna kipimo cha parasetamoli kilicho salama kwa paka, na hili halina mjadala.

Aspirini nayo hukawia. Kwa mtu, nusu ya kiasi kidogo cha aspirini huondoka mwilini kwa saa chache. Kwa paka huchukua siku moja na nusu hivi. Anayempa paka wake aspirini kila siku humrundikia dawa juu ya dawa. Ibuprofeni na diklofenaki huharibu tumbo na figo zake, na hazimo katika orodha ya dawa za kumtibu nyumbani.

Dawa za viungo zinazotumika

Meloksikamu ndiyo dawa ya kupunguza uvimbe inayotumika sana kwa paka. Ulaya imeidhinishwa kwa matumizi ya muda mrefu kwa kipimo kidogo. Marekani, kwa upande wake, imeweka onyo kali kwamba kuirudia kwa paka kumehusishwa na kufeli kwa figo na vifo. Tofauti hii haina maana kwamba upande mmoja umekosea. Maana yake ni kwamba nafasi kati ya kipimo kinachosaidia na kinachodhuru ni finyu, na figo za paka mzee mara nyingi tayari ni dhaifu.

Tazama hesabu. Kipimo cha kuendelea nacho Ulaya ni miligramu 0.05 kwa kilo kwa siku, ambacho kwa paka wa kilo 4 ni miligramu 0.2 tu. Kidonge cha binadamu cha miligramu 7.5 ni zaidi ya mara 37 ya kiasi hicho. Hata robo yake ni kupindukia. Chupa nazo hudanganya. Meloksikamu ya maji iliyotengenezwa kwa mbwa huwa na miligramu 1.5 katika kila mililita, na ya paka 0.5. Anayepima mstari uleule wa bomba kutoka chupa ya mbwa humpa paka mara tatu ya anachostahili.

Gabapentini hutumika kwa maumivu ya mishipa ya fahamu na yale ya muda mrefu. Hutoka mwilini kwa njia ya figo, kwa hiyo mwenye figo dhaifu hupunguziwa kipimo. Pale inapopatikana, ipo pia kingamwili iitwayo frunevetimabu, inayochomwa chini ya ngozi mara moja kwa mwezi. Iliidhinishwa Marekani Januari 2022, ikiwa kingamwili ya kwanza ya aina yake kuidhinishwa huko kwa mnyama yeyote. Hufunga kichocheo cha ukuaji wa neva ambacho huchochea maumivu. Mwanamke mjamzito, anayetarajia kushika mimba au anayenyonyesha anapaswa kujihadhari sana asijichome nayo kwa bahati mbaya.

Dawa za wasiwasi

Dawa hizi ni za aina mbili. Zipo za safari moja, kama vile kupelekwa kliniki au siku ya kelele na fataki. Gabapentini, hiyohiyo ya maumivu, hutolewa saa mbili au tatu kabla ya safari, nayo humtuliza paka kiasi cha kumwezesha daktari kumchunguza. Kwa mgonjwa mwenye matatizo yote mawili, dawa moja huweza kubeba mizigo miwili, na dawa isiyoongezwa haina nafasi ya kugombana na nyingine.

Zipo pia za kila siku, kama fluoksetini. Hii huongeza serotonini baina ya seli za ubongo, na huchukua wiki nne hadi sita kabla ya matokeo kuonekana vizuri. Mwenye paka akikata tamaa wiki ya pili na kuongeza kidonge, huwa anaongeza madhara tu. Amitriptilini hutumika kwa baadhi ya paka, lakini kwa kipimo anachokijua daktari wa mifugo. Diazepamu ya kumeza inapaswa kuepukwa: mwaka 1996 ilichapishwa taarifa ya paka 11 waliopata kufeli kwa ini kwa ghafla baada ya kupewa dawa hiyo kwa mdomo.

Zinapokutana

Mkutano wa kwanza wa kuogopwa ni wa serotonini. Fluoksetini na amitriptilini zote huiongeza. Tramadoli, dawa ya maumivu makali, nayo hufanya hivyo. Mbili zikiunganishwa, paka anaweza kutetemeka, kuhangaika, mboni kupanuka, joto kupanda, moyo kwenda mbio na hatimaye kupata degedege. Mwenye paka anaweza kudhani wasiwasi umezidi, akaongeza dawa ileile inayomwua. Fluoksetini hubakia mwilini kwa wiki kadhaa baada ya kuachwa; kwa hiyo kusema “aliacha juzi” si kinga.

Hapa pana hatari ambayo wafugaji wa Afrika Mashariki wanaikaribia bila kujua. Amitrazi, dawa ya kuogeshea ng'ombe dhidi ya kupe, huzuia kimeng'enya kinachovunja serotonini na kemikali nyingine za ubongo. Paka anayetumia fluoksetini au amitriptilini hapaswi kupakwa amitrazi wala kukaa karibu na ndoo yake. Hata asiyetumia dawa yoyote haogeshwi kwa dawa za ng'ombe. Zile zenye permethrini ni sumu kali kwake.

Mkutano wa pili ni wa damu na tumbo. Meloksikamu hupunguza kinga ya utando wa tumbo. Fluoksetini hupunguza serotonini ndani ya chembe zinazogandisha damu, zikawa nzito kufanya kazi. Kwa binadamu inajulikana kwamba jamii hizi mbili zikitumiwa pamoja huongeza hatari ya kutokwa damu tumboni. Kwa paka tahadhari ni ileile. Hatari huwa kubwa zaidi meloksikamu ikiunganishwa na prednisoloni au na dawa nyingine ya jamii yake. Mbili hizo hazipaswi kukutana, na baada ya kuacha moja husubiriwa siku kadhaa kabla ya kuanza nyingine. Aspirini huhitaji kusubiriwa kwa muda mrefu zaidi.

Mkutano wa tatu hauonekani kwenye vitabu vya migongano kwa urahisi, lakini ndio unaoangusha wengi. Fluoksetini hupunguza hamu ya kula. Paka asiyekula hunywa kidogo, mwili hukauka, na damu inayofika kwenye figo hupungua. Figo hizo hujitetea kwa kemikali ambazo meloksikamu huzizuia. Ndipo dawa mbili, kila moja katika kipimo sahihi, zinapoungana kuzizima figo. Paka aliyekaa na njaa kwa siku chache anaweza pia kujaza mafuta kwenye ini. Kanuni inayotokana na hayo ni fupi: paka asiyekula, anayetapika au anayeharisha asipewe meloksikamu siku hiyo, na daktari ajulishwe.

Mkutano wa nne ni wa usingizi. Gabapentini pamoja na dawa nyingine ya kutuliza huweza kumfanya ayumbe. Kulala kidogo si tatizo. Kuanguka kutoka ghorofani ni tatizo. Siku za mwanzo afungiwe ndani, chini, mahali pasipo na kisima wala ngazi.

Gabapentini pamoja na meloksikamu ni mchanganyiko unaotumiwa na madaktari kwa uangalizi. Gabapentini pamoja na fluoksetini vilevile huweza kutumika, usingizi ukichungwa. Usalama wa mchanganyiko hutokana na hali ya figo, ini na hamu ya kula ya paka yule aliye mbele ya daktari.

Utaratibu unaomlinda

Daktari huanza kwa mizani, kwa kuwa paka wa kilo 3 na wa kilo 5 si wagonjwa wa kipimo kimoja. Hufuata vipimo vya damu na mkojo kuona figo na ini, na presha pale kifaa kinapokuwepo. Dawa ya kwanza huanzishwa peke yake kwa kiwango cha chini. Ya pili huongezwa baada ya kuona ya kwanza imefanya nini. Zikianzishwa siku moja, likitokea baya haijulikani ni ipi iliyolileta. Vipimo hurudiwa baada ya wiki chache, kisha kila baada ya miezi kadhaa.

Mwenye paka naye ana kazi. Aandike kwenye daftari kila kinachoingia mwilini mwa paka: vidonge, dawa ya kupe, mitishamba, hata dawa ya minyoo. Aandike pia alivyokula, alivyokojoa na kama ameruka kitini. Picha fupi ya video ya paka akipanda ngazi humsaidia daktari kuliko maelezo marefu, kwa sababu paka akifika kliniki hukakamaa na kuficha kila kitu. Fluoksetini na gabapentini zilizotumika kwa muda mrefu haziachwi ghafla; hupunguzwa kidogo kidogo.

Dalili za kukimbilia kwa daktari bila kusubiri asubuhi ni kinyesi cheusi kama lami, kutapika damu, fizi kuwa nyeupe au za kahawia, kushindwa kukojoa, kutetemeka, degedege, na kukataa chakula kwa siku nzima.

Nusu ya tiba haitoki kwenye chupa. Beseni la mchanga likatwe kingo upande mmoja ili aingie bila kuinua mguu. Kigoda kiwekwe chini ya dirisha alipendalo, kiwe ngazi yake. Apewe kitanda cha nguo kuukuu mahali pakavu pasipo na upepo, maji katika vyombo viwili au vitatu, na pembe moja ya nyumba ambayo watoto hawamfuati. Paka mnene apunguzwe uzito polepole, kwa kuwa kila gramu hubebwa na viungo vilevile vinavyouma.

Kwa mhudumu wa afya

Mhudumu wa zahanati au wa duka la dawa si daktari wa mifugo, lakini mara nyingi ndiye wa kwanza kuulizwa. Jibu sahihi kwake ni jepesi: dawa za watu zibaki za watu, na paka apelekwe kwa daktari wa mifugo wa wilaya au wa kliniki binafsi. Akiambiwa kwamba paka ameshapewa parasetamoli, asiseme “subiri uone.” Aandike kiasi na saa iliyotolewa, na kumwelekeza mwenye paka kwa daktari wa mifugo mara moja.

Amkumbushe pia mgonjwa wake kuhusu dawa za kuchua. Mwaka 2015 mamlaka ya dawa ya Marekani ilitoa tahadhari kuhusu krimu zenye flurubiprofeni. Paka watano katika nyumba mbili ambamo watu walizitumia walipatwa na madhara, watatu wakafa. Paka hulala mapajani, hulamba mkono na shuka, kisha hulamba manyoya yake. Aliyejichua afunike mahali hapo, anawe mikono, na kopo lifungwe. Dawa zenye salisilati, zinazonukia sana katika nyumba nyingi za wazee, zina hatari ya namna hiyo.

Na mjukuu aliyeparurwa asisahauliwe. Jeraha la meno au kucha za paka lioshwe kwa maji yanayotiririka na sabuni kwa dakika 15, kisha mtoto afikishwe kituoni ili ihitajiwapo apewe chanjo ya kichaa cha mbwa. Maumivu ya paka yasiyotibiwa huishia kwenye mkono wa mtoto.

Bibi wa dirishani, basi, hakustahili kuchekwa wala kufukuzwa. Waswahili husema paka wa nyumba haingwi. Alichostahili ni kuambiwa kwamba ameona sawasawa: paka wake anaumwa kweli. Kisha aambiwe kwamba vidonge vilivyo mkononi mwake havimfai paka, kwamba kuna daktari anayeweza kumpima, na kwamba jioni hiyohiyo, kabla ya dawa yoyote, anaweza kukata kingo za beseni na kuweka kigoda chini ya dirisha.